Jirani Yangu Hodari wa Kufa

Jirani yangu alikuwa hodari wa kufa. Simdhihaki, ndiyo ilikuwa kazi yake. Katika filamu za kwao alikufa kwa risasi, kwa sumu, kwa kuanguka kutoka kwenye treni, kwa homa ya mapafu, na mara moja kwa kuumwa na nyoka wa mpira ambaye, kwa maneno yake mwenyewe jirani yangu, alinuka tairi jipya. Sikukuu ya Krismasi, watu wa mtaa wetu hapa Moshono wakishashiba, hakosi mmoja wa kumwambia, "Babu Sinema, hebu tufie kidogo." Basi huweka kikombe chini, huvua miwani akanipa mimi niishike, kisha hufa. Hana makelele. Kwanza hushangaa, kama mtu aliyekumbuka njiani kwamba hakufunga mlango, halafu magoti hulegea, moja, kisha jingine. Watoto hupiga yowe la raha. Kuna mama mmoja, mgeni wa mtaa, alimwaga sahani nzima ya pilau mapajani siku ya kwanza kuliona jambo hilo.

Alikuwa Mjerumani, mwigizaji wa filamu za baada ya ile vita yao kubwa. Msidhani nyota. Nyota wana majina, huyu alikuwa na sura tu. Mimi ni fundi cherehani, Mmachame, nimekaa Moshono tangu mahindi yalipokuwa mengi kuliko nyumba, na kiwanja alichopanga kilipakana na changu. Katikati palikuwa na mstari wa masale, yale majani marefu ya kijani ambayo sisi tuliotoka Kilimanjaro tunayapanda mpakani. Niliyapanda kwa mkono wangu. Alizaliwa mji gani, babu yake alikuwa nani, sijui, na wala sikuuliza. Hayo wayajue wanaosoma wasifu msibani. Mimi nasema niliyoyaona juu ya masale kwa miaka kumi na saba.

Mara ya kwanza kufika Arusha alikuwa bado kijana. Aliletwa na kundi la watu wa kamera, waje kupiga filamu ya daktari wa misheni chini ya Mlima Meru. Yeye alikuwa karani wa posta anayemletea daktari barua yenye habari mbaya. Alikaa wiki tatu, akafanya kazi siku mbili. Siku zilizobaki alikaa kwenye kiti cha turubai akiutazama mlima.

"Mama Fundi," aliniambia, "kila mahali nilipokwenda, mtu akinitazama anawaza anivike nini. Mlima ule haukuniwazia kitu."

Alipozeeka na kazi zikamkimbia, akarudi, akapanga kinyumba cha vyumba viwili, akawa mtu wa mtaa. Kiswahili alijifunza kwenye kitabu na kwa mafundi ujenzi, kwa hiyo alikuwa anaweza kukuambia "tafadhali, ningependa kufahamu" na papo hapo akatukana nondo.

Ile sura ndiyo iliyompa ugali na ndiyo iliyomponza. Pua nyembamba, midomo myembamba, macho ya mtu aliyekula kuku wa jirani akakana. "Baada ya vita," alisema, "kila mtu kwetu alikuwa mtu mwema. Ukiuliza, hakuna aliyekuwepo, hakuna aliyeona. Lakini filamu lazima iwe na mtu mbaya. Wakatafuta wa kumvika ile sare ya vita, wakaiona pua yangu." Akavikwa sare. Akawa ofisa anayesaini karatasi bila kuisoma. Wakimvua sare, wanamfanya shahidi wa uongo mahakamani, au mpokea wageni wa hoteli anayetega sikio mlangoni, au mume anayesalitiwa na mkewe, watazamaji wakafurahi. Miaka thelathini na zaidi, ukiacha mara moja, hakuna aliyempa mtu mzuri wa kumcheza.

Siku moja alinisimulia kisa kilichomkuta kwenye treni huko kwao. Bibi mmoja mzee alimtazama weee, kisha akainuka akamtemea mate kifuani. Alikuwa anaikumbuka ile sura, ila hakukumbuka kwamba aliiona kwenye sinema. Jirani yangu akasimama, akavua kofia, akamwomba radhi.

"Ebo!" nikamwambia. "Radhi ya nini, na hukumfanya kitu?"

"Mama Fundi, yule bibi alikuwa anasubiri mtu aje kumwomba radhi. Miaka yote ile hakuna aliyekuja. Mimi nilikuwa pale."

Nikaendelea kupiga pindo. Kisa kile sikukielewa vizuri mpaka baadaye sana.

Alinijia kwa mara ya kwanza na koti. Koti refu la kijivu, zito, bitana imechanika chini ya kwapa. Nilipoifumua nikakuta ndani vitambaa vitatu vimeshonewa kimoja juu ya kingine, kila kimoja kina jina la mtu. Nikamwuliza ni ndugu zake? Akacheka. Akasema ni nyota waliolivaa kabla yake. Stoo ya mavazi ilikuwa inawashonea wakubwa makoti mapya, yakishachoka wanapewa wadogo. "Na jina lako liko wapi?" nikamwuliza. Akasema sisi wa mwisho hatushonewi kitambaa, koti likitufikia sisi linakuwa halina tena pa kwenda. Nililitia bitana mpya, na kwa utundu wangu nikashona kitambaa cha nne, cha kitenge, bila jina lolote. Alipokiona alikipapasa kwa kidole gumba muda mrefu. Hakusema asante. Kesho yake aliniletea parachichi sita.

Alikuwa na diski kadhaa za filamu zake. Tulikuwa tunaziangalia kwangu Jumapili baada ya ibada, lugha hatuielewi lakini picha inajisema yenyewe. Sasa kioja ni kwamba yeye mwenyewe haangalii. Sehemu yake ikikaribia anatoka nje, anasimama kwenye masale, anang'oa majani makavu. Tukishamaliza kumcheka au kumwonea huruma anachungulia mlangoni: "Nimeshakufa?" Tunamjibu, "Umeshakufa, Mzee, ingia." Anaingia, anakaa, anaomba chai. Nyumbani kwake alikuwa na kioo kimoja tu, kikubwa kama kiganja, cha kunyolea ndevu. Na bado mtu huyo huyo alikuwa anachana nyusi kwa kitana, na ukitaka kumpiga picha upande wa kushoto anakugeukia haraka kama umemtishia.

Kusikiliza, hapo ndipo alipokuwa fundi hasa. Alikuwa na msemo wake: "Usimtazame anayesema, mtazame anayesikiliza. Anayesikiliza ndiye anafanya kazi." Na kweli ukimweleza jambo, utaona uso wote umekuelekea, mpaka unajikuta umesema na lile ulilokula kiapo kutolisema. Wanawake wa mtaa walikuwa wanapita kwake kama wanaopita zahanati. Mume kalewa, mtoto kafeli, mama mkwe kaja na haondoki, yote yalikwenda kwa Babu Sinema. Mimi mwenyewe nilipofiwa na mume wangu, nilimwambia yeye mambo ambayo sikuwaambia dada zangu. Lakini nani alimwuliza yake? Hakuna. Miaka kumi na minne nimeishi na mtu yule juu ya masale na sikujua kama ana mtoto duniani. Naona aibu kulisema, ila ndivyo ilivyokuwa.

Kuiga watu, jamani! Alikuwa anaiga mwendo wa mwenyekiti wa mtaa mpaka ukatafuta mwenyekiti yuko wapi. Nikamtaka aniige mimi. Akakataa, nikamng'ang'ania. Akainuka, akaweka mkono kiunoni, akatembea kutoka mlangoni hadi kwenye cherehani, hatua kumi tu. Nikaona nyonga yangu ya kulia, nikaona jinsi ninavyoshika kiuno kwanza kabla ya kuketi, na nikaona mwanamke ambaye kwa muda mrefu hana mtu wa kumwambia kwamba kiuno kinamuuma. Nilimwambia aende kwake. Hatukusemeshana siku nne.

Halafu mtu huyu aliyeishi kwa kudanganya hakuweza uongo mdogo hata kwa dawa. Nilimwonyesha gauni la bibi harusi nililokesha nalo wiki nzima. "Zuri, Mzee?" Akalizunguka, akalitazama mgongoni. "Linafanana na pazia," akasema. Nilitaka kumtoboa kwa mkasi. Nilifumua mabega nikayashona upya, na bibi harusi alilia kwa furaha, lakini hilo sikumwambia.

Na hakulia msibani. Hili lilimtia kwenye midomo ya watu. Misiba yote alihudhuria, alikaa mpaka mwisho, alibeba viti, alishika koleo kaburini na uzee wake ule, lakini jicho kavu. Wakasema Mzungu hana uchungu. Wakati kwenye sinema, ukimwambia lia, anahesabu moja mpaka tano na chozi linashuka, jicho moja, lile unalotaka. Nikamwuliza kulikoni. Akajibu, "Machozi yangu ni ya kazini. Nikiyaleta msibani, ni sawa na seremala kuja kuhani na randa mkononi." Nikadhani ni maneno tu ya watu wa sanaa.

Ilikuwa mchana wa kiangazi, nimeketi kwenye cherehani, ndipo alipoingia na barua, akakaa kwenye benchi la wateja na kofia magotini.

"Binti yangu anakuja," akasema.

"Una binti?"

"Ninaye. Ana miaka sitini na mmoja."

Nikaondoa mguu kwenye cherehani. Siku ile, kwa mara ya kwanza, nilisikiliza mimi.

Kumbe wakati mkewe anaumwa mahututi, yeye alikuwa mji mwingine anapiga filamu. Na haikuwa filamu ya kupita tu na trei. Kwa mara ya kwanza maishani walikuwa wamempa tukio la dakika saba, mume aliyeketi kando ya kitanda cha mkewe anayekufa. Simu ikaja asubuhi: njoo. Akamwambia aliyeileta, siku mbili, nimalize. Akamaliza. Alilia mbele ya kamera, na alikuwa anamlilia mkewe wa kweli, huku wa filamu amelala pale anasubiri chakula cha mchana. Alipofika nyumbani mkewe alikuwa ameshafariki. Makaburini akalia, naye binti yake, msichana wa miaka ishirini, akamtazama baba yake, akaanza kupiga makofi. Polepole. Pa, pa, pa, mbele ya mchungaji na jeneza. Kisha akaondoka.

"Filamu ile waliisifu sana," jirani yangu akasema. "Tangu siku ile ya makaburini sijalia bila kulipwa."

Sasa binti kaandika kwamba anakuja siku chache, anataka kumwona kabla hawajafa wote wawili. Na mzee alikuwa na hofu moja tu, aliirudia mpaka nikaishika kwa moyo: kwamba atamwomba msamaha na binti ataona anaigiza. Hakutaka kingine duniani. Aaminiwe mara moja na mtu mmoja.

Tukafanya mazoezi. Mimi nikawa binti, pale pale nyuma ya cherehani, yeye anaingia mlangoni. Tulitumia Kiswahili, tungefanyaje.

"Mwanangu, nisamehe."

"Unaigiza," nikamwambia.

Akatoka, akaingia tena. "Mwanangu, nilikosa."

"Sauti umeishusha makusudi."

Akatoka, akaingia. "Nisamehe."

"Mkono unatetemeka wa nini? Jana ulikuwa unapigilia misumari na haukutetemeka."

Siku tatu tulifanya hivyo. Siku ya tatu akakaa kwenye benchi akasema, "Mama Fundi, sijui tena mlango wa kutokea." Na hapo nilijua haigizi, kwa sababu alikuwa amenigeuzia upande wa kushoto na hakujali.

Ndipo nikamwambia habari ya isale, jani moja la yale masale. Nikamvuta mpaka mpakani, nikamwonyesha yale majani aliyokuwa anayapogoa kila Jumapili bila kuyajua. Nikamweleza kama bibi yangu alivyotufundisha kule Machame: ukimkosea mtu kosa lisilo na maneno, unachuma jani la isale, unampelekea. Akilipokea, kesi imekwisha, hata kama ulimwaga damu. Hakuna hotuba. "Lakini mkosaji halibebi mwenyewe," nikamwambia. "Anachuma kwa mkono wake, anampa mtu wa kati. Mtu wa kati ndiye anabeba, ndiye anaeleza, ili aliyekosewa asilazimike kuutazama uso wa aliyemkosea."

Alisimama akashika jani moja bila kulivunja.

"Hakuna uso," akasema.

"Hakuna uso."

Nilimwona mtu anapumua. "Utanibebea?" Nikasema nitakubebea, Mzee, mimi si jirani yako?

Ijumaa ya kwenda uwanja wa ndege ikafika. Na mimi nilikuwa na sare za harusi ya Jumamosi, magauni kumi na manne ya kamati, na kumi na manne yote hayana mikono. Umeme ulikuwa umekatika siku mbili. Akaja amevaa lile koti la kijivu kwenye jua la Arusha, ameshika jani lake. Sikuinua hata kichwa.

"Nenda nalo mwenyewe, Mzee. Yule ni Mzungu, atajua nini nani kabeba?"

"Ulisema mtu wa kati."

"Nilisema. Lakini si unaona kazi hii?"

Akalitazama lundo lile la vitenge. "Naona," akasema. "Kazi ni kazi." Akaenda peke yake.

Yaliyotokea alinisimulia mwenyewe jioni ya siku ya tatu, juu ya masale. Alisimama pale wanapotokea abiria, ameshika jani kwa mikono miwili, ameinamisha kichwa. Binti akatoka na begi lake. Akamwona baba yake, koti la filamu, kichwa chini, jani mkononi. Akasimama mbali. Akacheka, siyo kwa ubaya, kwa uchovu. Akasema, "Baba, hata hapa?" Jani akalipokea kama mtu anavyopokea kijikaratasi cha matangazo, akaliacha kwenye gari. Alifikia hoteli Themi, hakulala kwa baba yake hata siku moja. Walikula pamoja mara mbili. Akaondoka.

Mzee hakunilaumu. Laiti angenitukana kama alivyotukana nondo! Alisema tu, "Nilikosea kuvaa koti." Akaingia ndani.

Nikajua nani aliyekosea. Na lililoniuma zaidi, usiku na mchana, ni kwamba nilifanya kilekile alichofanya yeye. Mtu anaita, wewe unasema ngoja nimalize. Kwake siku mbili, kwangu asubuhi moja. Na magauni yenyewe hakuna aliyeyatazama, mvua ilinyesha wakaingia kwenye turubai wamevaa makoti.

Basi nikaanza kumkwepa. Shikamoo Mzee, marahaba Mama Fundi, naingia ndani. Jumapili za sinema zikafa zenyewe. Krismasi ile wakamwomba, "Babu Sinema, tufie kidogo," akasema, "Leo hapana, nimechoka kufa." Watoto wakanung'unika, kisha wakasahau, watoto ndivyo walivyo. Nilikuwa naona taa yake, naona moshi wa jiko lake, nasema kesho nitakwenda. Miaka miwili nilisema kesho. Mtaa mzima uliendelea kumpelekea shida zake, naye aliendelea kusikiliza, na ukuta baina yake na mimi ulikuwa majani tu, mtu angepita akiinama.

Miguu ndiyo iliyotangulia kumkatalia, kifua kikafuata. Akawa wa kitandani. Tukawa tunapokezana uji, zamu yangu Jumanne na Ijumaa, na mimi nikawa naweka bakuli naondoka.

Ikatokea mchungaji wetu wa usharika kaniletea joho lake nilishone kola. Mchungaji huyu alisoma Ujerumani miaka mingi, na ni mtu wa Kilimanjaro kama mimi. Sijui nilipatwa na nini; nilimwambia yote, kuanzia makofi ya makaburini mpaka magauni kumi na manne. Nilitegemea aniambie tuombe. Akasema, "Mama, hili jani limemaliza kesi nyingi kuliko baraza la wazee wa kanisa. Kachukue lingine. Wewe sema, mimi nitaandika Kijerumani."

Nilikwenda kwa jirani yangu na tawi la masale, maana lazima achume mwenyewe. Nikalishika mbele ya kitanda. Alilielewa kabla sijafungua mdomo. Akachukua wembe wake wa ndevu akakata jani moja, taratibu, akanipa.

"Umechelewa, Mama Fundi."

"Kawia ufike, Mzee."

Kwenye barua sikupamba. Nilimwambia yule binti jani ni nini kwetu, na kwamba lile la kwanza lilibebwa vibaya kwa kosa langu, si la baba yake. Nikamwambia hatakiwi kuja, hatakiwi kuandika, hatakiwi kumtazama usoni. Alipokee tu. Mchungaji akaandika, jani likakunjwa ndani, likaenda.

Mvua za masika zikaanza, zikakaribia kwisha. Kisha bahasha ikaja kwa anwani ya usharika. Niliipapasa kabla haijafunguliwa, na vidole vyangu, ambavyo vinajua pamba na hariri gizani, vikaniambia: ndani kuna jani. Nikakaa chini. Kwetu kurudishiwa isale ni kukataliwa, na hakuna rufaa. Nikamwambia mchungaji asifungue, niende nikamwambie mzee haijafika. Mchungaji akafungua.

Jani lilikuwa bichi bado, na halikuwa letu. Letu ni kijani tupu. Hili lilikuwa na mstari wa njano kati, kutoka kwenye kikonyo hadi kwenye ncha. Mchungaji akasoma, akarudia kwa Kiswahili:

"Mama Fundi. Hapa kwetu mti huu unauzwa dukani kwenye chungu, watu wanauweka dirishani. Nimenunua mmoja. La baba nimelipokea. Hili ni langu, nilichuma mwenyewe. Nilipiga makofi. Tafadhali libebe wewe."

Nilirudi nyumbani nikavaa gauni la kanisani na kujifunga kitenge kipya. Cherehani niliifunika, na mteja aliyekuwa ananisubiri nikamwambia aje kesho. Sikupita kwenye masale. Nilizunguka kwa njia kubwa, jani mikononi, watu wakiniona, mpaka getini kwake, nikapiga hodi.

Alikuwa amelala ametazama mlango. Nilimpa shikamoo, akaitika kwa sauti ya chini.

"Nimetumwa," nikasema, kama inavyotakiwa kusemwa, na nikalinyoosha kwa mikono miwili.

Akalipokea. Akaupapasa ule mstari wa njano kwa kidole gumba. "Si la kwetu," akasema.

"Si la kwetu. Ni la kwake. Lako amelipokea. Hili ni kwa ajili ya makofi."

Mwanzoni uso wake haukufanya kitu. Kisha ukavurugika. Nimemwona akilia katika filamu tano na kila mara alikuwa anapendeza. Safari hii pua ilivuja, mdomo ulipinda upande, na ikatoka sauti mbaya, ya kukoroma, ambayo hakuna mtu wa kamera angeitaka. Akajivuta kwa kiwiko, kwa taabu, akageukia ukutani na jani lake kifuani.

"Mama Fundi," akasema akiwa amenipa mgongo, "usiangalie."

"Siangalii, Mzee," nikamwambia. Nikavuta kiti nikakigeuza, nikakaa nikitazama mlangoni mpaka alipomaliza.